Nakala Ibaki kwa Nani? Mhadhara juu ya Mtengenezaji Filamu Huru

Mada ya leo ni maisha ya kazi ya mtengenezaji filamu huru, na chimbuko lake ni Ufaransa, nchi ambayo imewapa watu wa aina hiyo nafasi kuliko nchi nyingi duniani. Mtu ana haki ya kuuliza mada hiyo inatafuta nini Kilwa Masoko. Jibu ni kwamba mji huu, na visiwa vilivyo mbele yake, vimezoea kutazamwa na wageni tangu zamani. Ibn Battuta alifika mwaka 1331, na aliyoyaona yakaandikwa. Jean-Vincent Morice, Mfaransa aliyefanya biashara ya watumwa, alitia saini mkataba na Sultani wa Kilwa mwaka 1776 ili auziwe watumwa 1,000 kila mwaka, na karatasi alizoacha ni miongoni mwa vyanzo ambavyo wanahistoria huvitumia kuijua Kilwa ya karne ya 18. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara yaliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1981, na katika zama zetu kamera imeipokea kalamu kazi yake. Nani anashika kamera hiyo, kwa idhini ya nani, na picha zinaishia wapi, ni maswali yanayotuhusu sisi kama yanavyowahusu watu wa Paris.

Kwa desturi, tunapomwita mtengenezaji filamu kuwa huru tunapima fedha. Hakuajiriwa na kampuni kubwa, hakutumwa na serikali, hakutengeneza tangazo la mtu. Basi ni huru. Kipimo hicho kina ukweli wake, lakini hakitoshi. Hoja nitakayoitetea ni kwamba uhuru huo una sehemu mbili. Ya kwanza ni neno la mwisho: nani anaamua filamu ianzie wapi, ikatwe wapi, izungumze lugha gani na isiseme nini. Ya pili ni nakala: filamu ikishakamilika ni mali ya nani, inatunzwa wapi, na waliopigwa picha wanaweza kuiona au hawawezi. Sehemu ya kwanza humweka msanii huru siku za kupiga picha na za uhariri. Sehemu ya pili ndiyo inayoamua kama kazi ya miaka 30 itabaki kuwa yake, na kama itakuwa na maana yoyote kwa watu alioichukua kwao. Wasanii wengi, wa kwao na wa kwetu, wameipigania ya kwanza wakaiacha ya pili ijiendee yenyewe, na hapo ndipo uhuru wao ulipovuja.

Tuanze na kisa kinachoiunganisha Ufaransa na Tanzania moja kwa moja. Hubert Sauper alizaliwa Austria mwaka 1966, lakini ameishi na kufanya kazi Ufaransa kwa sehemu kubwa ya maisha yake ya filamu, na ni mfano halisi wa mtengenezaji filamu huru wa nchi hiyo. Mwaka 1998 alitoa Kisangani Diary, juu ya wakimbizi wa Rwanda waliokuwa wakiteketea katika misitu ya Kongo. Mwaka 2004 akatoa Darwin's Nightmare, aliyoipiga Mwanza kwa kikundi kidogo sana cha watu. Mwaka 2014 ikafuata We Come as Friends, juu ya kuzaliwa kwa Sudan Kusini, ambayo kwa ajili yake aliunda ndege ndogo na kuirusha mwenyewe hadi huko. Mwaka 2020 akatoa Epicentro, iliyopigwa Cuba. Hizo ni filamu chache katika zaidi ya miaka 20, kila moja ikiwa imemla miaka. Hakuna mwajiri ambaye angemvumilia mtu atumie muda kama huo kukaa na marubani, makahaba, walinzi wa usiku na watoto wa mitaani mpaka wazoee kuongea mbele yake. Ustahimilivu huo ndio faida ya kwanza ya uhuru, na ni haki kuukiri kabla ya kusema lingine lolote.

Filamu ya Mwanza ilikuwa na hoja kali. Sangara, samaki aliyepandikizwa katika Ziwa Victoria katikati ya karne ya 20, alikula samaki wengine wengi wa asili, kisha akazaa biashara kubwa. Minofu ilipakiwa ndegeni kwenda Ulaya, na vichwa na mifupa, yale mapanki, yakabaki kukaangwa na kuliwa na maskini wa ziwani. Sauper aliuliza pia ndege zile kubwa zilizokuja kuchukua minofu zilikuwa zikileta nini zinapokuja, akaacha jibu la silaha lielee mbele ya mtazamaji. Ilishinda tuzo ya Ulaya ya filamu ya hali halisi mwaka 2004, ikapata tuzo ya César nchini Ufaransa mwaka 2006, na mwaka huohuo ikateuliwa kuwania Oscar. Mwaka huohuo pia Rais Jakaya Kikwete aliishutumu hadharani kuwa imeichafua nchi, watu wakaandamana Mwanza, na mwandishi wa habari wa Tanzania aliyezungumza ndani ya filamu akapata misukosuko. Huko Ufaransa mwanahistoria François Garçon aliipinga kwa maandishi, akidai ushahidi wake ni hafifu. Sauper alimshtaki kwa kumvunjia heshima, na mwaka 2008 mahakama ya Paris ikampa Sauper ushindi.

Sina nia ya kuirudia kesi hiyo. Ninachotaka tukitazame ni mgawanyo wa hatari na mgawanyo wa faida. Neno la mwisho lilikuwa mikononi mwa mwongozaji kwa ukamilifu; hakuna waziri wala mfadhili aliyemkatia filamu. Lakini mabishano juu ya filamu yalifanyika Tanzania miongoni mwa watu ambao wengi wao hawakuwa wameiona, ilhali watazamaji wa Paris na Vienna walikuwa wameiona wala hawakuwa na la kupoteza. Mlinzi wa usiku na mkaanga mapanki wa Mwanza waliitoa sura yao na sauti yao, kisha wakasikia redioni kwamba wamelitia taifa aibu. Laiti filamu ingezungushwa mapema Mwanza, kwa Kiswahili, mbele ya wavuvi wenyewe, ubishi usingekwisha, lakini ungekuwa ubishi wa watu waliokiona wanachokibishia. Huenda wengine wangeisahihisha na wengine wangeitetea kwa ukali kuliko mwenyewe. Sauper alikuwa huru, na filamu yake haikuwa na pa kukaa katika mji ulioizaa.

Ufaransa ileile ina mfano mwingine unaoonyesha kwamba hali hiyo si ajali isiyoepukika. Agnès Varda, aliyezaliwa Ubelgiji mwaka 1928 na kufariki Paris mwaka 2019, alikuwa mpiga picha za mnato wa jumba la maonyesho alipoamua, mwaka 1954, kutengeneza filamu bila kuwa amesomea. Alikwenda Sète, mji wa bandari wa kusini mwa Ufaransa ambako aliwahi kuishi akiwa msichana, katika mtaa wa wavuvi uitwao La Pointe Courte. Wahusika wawili wakuu walikuwa waigizaji wa jukwaani. Wengine wote walikuwa wavuvi na wake zao, wakiigiza maisha yao wenyewe. Mojawapo ya migogoro ya filamu inafahamika pwani yoyote: wavuvi wanakusanya chaza na kome mahali palipokatazwa na maofisa wa afya, nao wanawakwepa maofisa hao kwa sababu hapo ndipo ugali wao ulipo. Waliofanya kazi katika filamu hiyo waliingia kwa ushirika, wakikubali mgawo wa mapato ya baadaye badala ya mshahara, na uhariri ulifanywa na Alain Resnais, ambaye baadaye alikuja kuwa mwongozaji mkubwa. Kwa kuwa filamu haikupitia taratibu rasmi za tasnia, haikuweza kuingia sokoni kama filamu za kawaida.

Kilichomfanya Varda awe zaidi ya mtu wa filamu moja ya ujana ni uamuzi ambao wanaotunga sifa zake huutaja kwa haraka. Alianzisha kampuni yake mwenyewe kwa ajili ya filamu hiyo ya kwanza, kampuni iliyokuja kuitwa Ciné-Tamaris, akaiendesha hadi uzeeni katika mtaa aliokuwa akiishi. Hakimiliki ya kazi zake nyingi aliikusanya humo, akazitengeneza upya zilipochakaa na kuzisambaza mwenyewe, na leo kampuni hiyo iko mikononi mwa watoto wake. Alipofika umri wa miaka 70 na kitu, wakati kampuni kubwa zisingemwamini mwanamke mzee na kamera, alichukua kamera ndogo ya dijitali akatoa Les Glaneurs et la Glaneuse mwaka 2000, juu ya watu wanaookota masalio ya mavuno mashambani na vyakula vilivyotupwa sokoni. Ikawa miongoni mwa filamu zake zilizopendwa kuliko zote, na miaka miwili baadaye akaifanyia filamu ya pili, akiwarudia watu wale awaulize yamewapata nini na waliionaje kazi ile. Kurudi huko kuliwezekana kwa sababu filamu ya kwanza ilikuwa yake. Mtu aliyeuza hana cha kurudia.

Sasa tuje nyumbani. Baada ya uhuru, Tanzania ilitaka filamu iwe kazi ya umma. Kampuni ya Filamu Tanzania iliundwa mwaka 1968, ikapewa mamlaka ya uagizaji na usambazaji wa filamu nchini, na baadaye ikatengeneza zake, ikiwamo Fimbo ya Mnyonge iliyoeleza siasa ya ujamaa. Ni rahisi kuibeza kazi ya zama zile kuwa propaganda. Hata hivyo, kivuli cha taasisi hiyo ndicho kilichozaa kizazi cha kwanza cha watengenezaji filamu wetu. Arusi ya Mariamu ya mwaka 1985, iliyoongozwa na Nangayoma Ng'oge pamoja na Mmarekani Ron Mulvihill, ilieleza uganga wa jadi na hospitali bila kudharau upande wowote. Mwaka uliofuata Martin Mhando alishirikiana na Mnorwe Sigve Endresen kutengeneza Mama Tumaini. Kwa hiyo hata chini ya dola filamu zetu zilikuwa za ubia na wageni. Tofauti ni kwamba mbia mmoja alikuwa ofisi ya umma yenye wajibu, angalau kwenye karatasi, wa kuzungusha filamu mpaka mikoani. Kampuni ilipodhoofika na kufa, wajibu huo haukurithiwa na yeyote.

Waliobaki walijitegemea. Flora M'mbugu-Schelling alitoa These Hands mwaka 1992. Inaonyesha wanawake, wengi wao wakimbizi wa vita vya Msumbiji, wakiponda mawe kwa nyundo katika machimbo ya Kunduchi nje ya Dar es Salaam. Hakuna msimulizi anayemweleza mtazamaji afikirie nini. Kuna mikono, vumbi, watoto walio pembeni, na nyimbo. Kwa kipimo cha neno la mwisho, ni vigumu kuipata filamu ya Kitanzania iliyo huru kuliko hiyo: mwongozaji alithubutu kuinyima filamu yake maelezo, jambo ambalo wizara isingelikubali, wala shirika la misaada lenye haraka ya kuonyesha matokeo. Lakini msambazaji wake aliyejulikana zaidi alikuwa California Newsreel wa Marekani, na mwanafunzi wa chuo kikuu cha huko ana nafasi kubwa ya kuiona kuliko mwanafunzi wa sekondari wa Lindi, ambaye huenda shangazi yake alivuka Ruvuma katika vita vilevile. Mhando naye, akiwa ameungana tena na Mulvihill, alitoa Maangamizi mwaka 2001, Amandina Lihamba akiwa miongoni mwa waigizaji wakuu. Ndiyo filamu ya kwanza ambayo Tanzania iliipeleka kuwania Oscar. Kwa miaka mingi Watanzania wengi waliijua kwa jina tu.

Pembeni yao ilizuka tasnia iliyokuwa huru kwa maana nyingine kabisa, ile tunayoiita Bongo Movie. Haikumwomba mfadhili wa Ulaya wala waziri. Ilipigwa kwa siku chache, ikauzwa kwa kanda na baadaye kwa diski, ikafika mpaka vijijini ambako filamu za matamasha hazijawahi kufika. Steven Kanumba alipofariki Aprili 2012, maelfu ya watu walimsindikiza, na hakuna mwongozaji wa filamu za sanaa nchini ambaye angepata mazishi yale. Tasnia hiyo ilikuwa na watazamaji na ilikuwa na lugha. Kilichokosekana ni umiliki. Desturi ya soko la Kariakoo ilikuwa mtayarishaji kumuuzia msambazaji kazi nzima pamoja na haki zake kwa malipo ya mara moja, akachukua fedha hiyo kutengeneza nyingine. Filamu ikipendwa miaka kumi, aliyeitengeneza hapati shilingi zaidi ya ile ya siku ya kwanza. Alikuwa kama mvuvi anayekodi chombo kila usiku: anavua kweli, lakini hajawahi kuwa na chombo. Wale waliokuwa na neno la mwisho walikosa nakala, na wale waliokuwa na watazamaji nao pia wakakosa nakala.

Amil Shivji ni wa kizazi kilichojifunza kutokana na pande zote mbili. Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1990, akasomea filamu Chuo Kikuu cha York mjini Toronto, akarudi na kuanzisha kampuni aliyoiita Kijiweni Productions, jina linalotangaza wazi kazi zake zinataka kusikika wapi. Alianza na filamu fupi: Shoeshine mwaka 2013, juu ya kijana mng'arisha viatu anayesikiliza mazungumzo ya jiji, kisha Samaki Mchangani mwaka 2014. Mwaka 2017 filamu yake ndefu T-Junction, inayowakutanisha wasichana wawili na jamii ya wachuuzi wa njia panda, ilifungua Tamasha la Filamu la Zanzibar. Mwaka 2021 akatoa Vuta N'kuvute, kutokana na riwaya ya Adam Shafi iliyochapishwa mwaka 1999, hadithi ya Yasmin anayeikimbia ndoa ya mume mzee na Denge anayepinga utawala wa Mwingereza katika Unguja ya miaka ya 1950. Ilizinduliwa katika tamasha la Toronto, Tanzania ikaichagua kuwania Oscar, ya pili baada ya Maangamizi, na mwaka 2022 ikashinda tuzo ya Tanit ya dhahabu katika tamasha la Carthage, Tunisia. Ilitengenezwa kwa ubia wa nje, ikiwamo Afrika Kusini, Ujerumani na Qatar, lakini inazungumza Kiswahili cha Unguja bila kupunguziwa chochote kwa ajili ya sikio la mgeni, na imesimama juu ya kitabu ambacho wasomaji wetu walikuwa tayari wanakipenda. Njia yake imepita katika kampuni aliyoianzisha mwenyewe tangu filamu fupi za mwanzo, na hapo ndipo ninapomwona karibu na Varda.

Pingamizi la kwanza linajitokeza hapahapa. Wako wanaosema kwamba fedha ya nje ni kamba. Anayemlipa mpiga zumari ndiye anayechagua wimbo, na filamu zinazopita Toronto au Carthage lazima ziwe zimepindwa ziwapendeze waamuzi wa huko. Hofu hiyo ina msingi, na wako waongozaji wa Afrika waliojifunza kuandika umaskini kwa namna inayouzika. Lakini wanaoitoa hudhani kwamba Mfaransa anajilipia mwenyewe, jambo ambalo si kweli. Filamu huru ya Ufaransa ni mtoto wa umma. Kituo cha taifa cha sinema kiliundwa huko mwaka 1946. Kila tiketi ya sinema hukatwa asilimia 10.72, hata tiketi ya filamu ya Marekani, na makato hayo hurudi kugharimia filamu za ndani. Na tangu mwaka 1959 kuna mfuko wa kuwakopesha waongozaji kwa kutazama mswada wao, kabla ya kuuliza kama filamu itauza. Mfuko wa Ufaransa wa kusaidia sinema za Kusini ulianzishwa mwaka 1984, na ulizilea filamu nyingi za Afrika. Basi hakuna filamu isiyo na mlipaji. Swali la haki ni mkataba unasema nini juu ya uhariri, lugha na hakimiliki. Fedha ya Qatar yenye mkataba mzuri ni nyepesi kuliko fedha ya Kariakoo inayochukua kazi nzima.

Pingamizi la pili ni la watazamaji. Linasema: mnatetea filamu ambazo watu hawazitaki, kibanda umiza kinajaa kwa mpira na filamu za ngumi zilizotafsiriwa, na anayetaka kimya cha These Hands akakitafute chuo kikuu. Hapa ushahidi wenyewe unajibu. Vibanda vya video vya nchi hii vimezaa sanaa yake ya kutafsiri, ambapo msimulizi kama Lufufu alichukua filamu ya Hong Kong au India na kuifanya ya Kiswahili, kwa maelezo, utani na mafumbo yasiyokuwamo kabisa katika ile ya asili. Watazamaji wanaoweza kuimeza filamu ya Kichina kwa njia hiyo hawawezi kusingiziwa uvivu wa akili. Na jaribio limekwisha kufanywa: kikundi cha Ajabu Ajabu cha Dar es Salaam kiliipeleka Maangamizi katika vibanda vya mitaani, ikasimuliwa na mtafsiri wa vibandani, na filamu fupi iitwayo Tenzi za Sinema ikatengenezwa juu ya safari hiyo. Filamu iliyodhaniwa kuwa ya wasomi ilikuta watu wake. Haikuwa imekataliwa na yeyote, ila haikuwa imeletwa. Wala si sahihi kuupima uhitaji wa watu kwa kile walichopelekewa, kwani hakuna awezaye kukiomba kitu asichojua kuwa kipo.

Pingamizi la tatu ndilo zito kuliko yote, nalo linatoka kwa watengenezaji filamu wenyewe. Wanasema: mkianza kudai nakala, mtakuwa mmemkabidhi mdhibiti fimbo. Hawasemi hivyo bila sababu. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976 iliweka upigaji picha na maonyesho chini ya kibali, na mabadiliko ya mwaka 2019 yakawataka wageni wanaopiga filamu nchini waikabidhi Bodi ya Filamu nakala ya kazi yao, hata picha ambazo hazijahaririwa. Hapo lazima tutenganishe vitu viwili vinavyofanana kwa sura. Picha ghafi zina majina, nyuso na maneno ya watu walioongea kwa kuaminiana. Ofisi ikizishika, mkaanga mapanki anayelalamika hana tena kinga, na mwongozaji anayejua hilo atapiga magofu na machweo tu. Dai hilo linaua neno la mwisho. Filamu iliyokamilika ni jambo jingine. Hiyo mwongozaji mwenyewe ameshaamua kuionyesha dunia. Kumtaka aionyeshe pia kwa waliomo ndani hakumnyimi chochote, isipokuwa ile raha ya kusema juu ya watu bila kuwasikia wakijibu. Kisha kuna suala la nakala inapelekwa kwa nani. Nakala iliyoko kwenye kabati la mdhibiti ni ya udhibiti, na iliyoko maktaba ya wilaya, ambayo mtoto yeyote wa shule anaweza kuiomba, ni ya umma. Ninachodai ni hii ya pili.

Kilwa inajua kuliko mji wowote wa pwani hii nakala ikienda mbali inagharimu nini. Historia ya masultani wa Kilwa iliyoandikwa hapa katika zama za kale tunaisoma leo kwa njia mbili. Moja ni muhtasari ambao João de Barros aliuchapisha Ureno mwaka 1552, baada ya Wareno kuuvamia mji. Nyingine ni nakala ya Kiarabu ambayo Sultani Barghash wa Zanzibar alimpa konseli wa Uingereza John Kirk mwaka 1877, na ambayo sasa imehifadhiwa London. Tunawashukuru waliozihifadhi, maana bila wao tusingekuwa na hata hizo. Lakini matokeo yake ni kwamba mjadala juu ya asili ya Kilwa, juu ya Washirazi, juu ya nani alijenga nini, uliendeshwa kwa miongo mingi katika lugha na vyuo ambavyo wazee wa Kilwa Kisiwani hawakuwa na kiti ndani yake. Kukosa nakala kuliwaondoa kwenye ubishi unaowahusu. Tukiacha filamu zifuate njia ileile, wajukuu zetu watakwenda kuomba ruhusa Ulaya ili waone sura za babu zao.

Ni bora basi kumaliza kwa mapendekezo yanayotekelezeka hapa kuliko kwa kuilaumu dunia. Wanaotoa vibali vya kupiga picha katika magofu, na halmashauri kwa upande wake, waweke sharti moja la ziada: filamu ikikamilika, nakala yake, yenye Kiswahili cha kusikika au cha kusomeka, iletwe Kilwa na ionyeshwe hadharani mara moja kabla ya kuhifadhiwa maktaba, na picha ghafi ziachwe kwa mwenyewe. Sharti hilo halihitaji bajeti kubwa, na mtengenezaji filamu aliye huru kweli hatalikataa. Atakayelikataa ametupa sababu ya kumwuliza maswali zaidi. Vijana wetu wenye kamera za simu wanafunzwe kusoma mkataba kabla ya kufunzwa kukata picha, wajue kwamba kuuza haki zote ni kuuza kazi ya kesho. Wasisubiri Toronto. Bandari ya uvuvi ya hapa inabadilisha riziki na mipaka ya kazi za watu mbele ya macho yetu, na vita vya Majimaji ambavyo Ebrahim Hussein aliviandikia tamthilia ya Kinjeketile mwaka 1969 vilianzia katika vilima vya Umatumbi, ndani ya wilaya hii. Varda alianza na mtaa wa wavuvi na mgawo wa ushirika, na sisi mtaa tunao na ushirika tunaujua. Atakayeianza kazi hiyo hapa aiandikishe kwa jina lake siku ya kwanza, na siku filamu itakapokamilika watazamaji wake wa mwanzo wawe watu wa Kilwa, wakiwa na haki kamili ya kumwambia amekosea.